Bildi Isiyotupwa: Usiku wa Mwisho wa Meli Atlantic
(Hotuba kwa wanafunzi wa ubaharia, Siku ya Mabaharia Duniani, 25 Juni)

Assalaam alaykum, na hamjambo nyote. Mkuu wa chuo, walimu, wazee wenzangu mliokubali kuacha vivuli vya nyumbani mkaja kunisikiliza, na nyinyi wanangu ambao muda si mrefu mtapanda meli na kuitwa maafisa.

Nimekuja na kitu mkononi. Aliye nyuma asimame akione. Hii ni bildi. Kipande cha risasi, uzito wake ratili saba, juu kina tundu la kupitishia kamba, chini kina kishimo. Kishimo hiki baharia hukijaza shahamu. Bildi ikigota chini, shahamu hunasa kilichopo huko: mchanga, tope, changarawe, vipande vya kombe. Ikipanda bila kitu na shahamu imechubuka, jua ya kwamba chini yako ni mwamba. Ukihesabu pima za kamba, kila pima ni upana wa mikono miwili iliyonyooshwa, umejua kina, ukiitazama shahamu umejua uko mbele ya pwani gani. Babu yangu alikuwa serehangi, yaani msimamizi wa mabaharia, katika jahazi, na hii ilikuwa yake.

Nyinyi mna mashine inayopima kina kwa mwangwi, namba zinawaka kiooni. Ni jambo jema, na sikuja kuwarudisha kwenye matanga. Nimekuja kuwaelezea meli moja iliyokuwa na bildi, yenye kamba nzuri, na watu wa kuitupa, na haikutupwa.

Meli hiyo iliitwa Atlantic. Ilijengwa Belfast na kiwanda cha Harland na Wolff, ikashushwa majini mwaka 1870, ikaanza safari 1871. Ilikuwa ya pili kati ya meli mpya za kampuni ya White Star. Urefu wake futi 420, mwili wa chuma, bomba moja la moshi na milingoti minne, maana wakati ule injini ilikuwa bado haijaaminiwa vya kutosha hata watu wakathubutu kuacha matanga. Kwa siku zile hapakuwa na chombo cha kisasa kuliko hicho.

Biashara yake ilikuwa kuwavusha wahamaji. Ni lazima tukumbuke Ulaya ilikuwaje. Ireland ilikuwa haijasahau njaa ya viazi. Skandinavia na Ujerumani watu walikuwa wakiacha mashamba, Uingereza wakiacha viwanda vya pamba, wote wamesikia kwamba Marekani kuna ardhi na kazi. Mtu aliuza ng'ombe, akauza kitanda, akawaaga wazee wake akijua hatawaona tena, akakata tiketi ya daraja la chini. Akifika New York alipitia Castle Garden, kwa kuwa kile kituo cha Ellis Island kilifunguliwa baadaye, mwaka 1892. Huku kwetu tunajua maana ya kumsindikiza mtu gatini. Basi wazieni gati la Liverpool tarehe 20 Machi 1873, na siku ya pili yake Queenstown, Ireland, walipopanda wa mwisho. Ndani ya Atlantic walikuwa watu zaidi ya 950.

Jinsi walivyopangwa kulala ni jambo la kushika, maana tutalirudia. Wanaume wasio na wake waliwekwa omo, sehemu ya mbele. Wanawake na wenye familia waliwekwa kuelekea tezi, sehemu ya nyuma. Mpango huo ulikuwa wa heshima, wa kuwalinda wanawake wasisumbuliwe, na hakuna aliyedhania kwamba mpango huo ungeamua nani atakufa.

Nahodha aliitwa James Williams. Ilikuwa safari ya kumi na tisa ya meli hiyo. Bahari ya Atlantiki mwezi wa Machi haina huruma, na dhoruba iliwashika siku kadhaa mfululizo, injini ikila makaa ya mawe na meli haisogei. Tarehe 31 Machi fundi mkuu alimletea nahodha hesabu: makaa yaliyobaki ni tani 127, na New York bado maili 460. Nahodha akafikiri, na mchana ule akageuza omo kuelekea Halifax, bandari ya Nova Scotia nchini Kanada, umbali wa maili kama 170, akajaze makaa.

Simlaumu kwa hilo. Mimi mwenyewe nimesimama usukanini nikihesabu mafuta yaliyobaki, na hesabu hiyo hukaa kooni kama mwiba wa samaki. Afadhali nahodha anayepinda njia kuliko anayeacha chombo kielee ovyo katikati ya bahari na watu 950 ndani. Kosa halikuwa kwenda Halifax. Kosa ni namna walivyokwenda.

Pwani ile hakuna afisa hata mmoja aliyekuwa zamu usiku ule aliyeizoea. Ni pwani ya miamba na visiwa, inafanana na meno. Mlango wa Halifax una mnara wa taa wa Sambro, uliokuwapo tangu 1758, na mpango wa nahodha ulikuwa rahisi: tutaenda mpaka saa tisa za usiku, hapo tutasimamisha meli, tungojee kupambazuke. Kabla ya hapo taa ya Sambro lazima itaonekana. Usiku wa manane ulipopita kidogo aliingia chumba cha ramani kujinyoosha, akaagiza aamshwe saa tisa.

Sasa sikilizeni vizuri, maana saa tatu hizi ndizo hotuba yangu yote.

Meli ilikuwa inakwenda kasi kuliko walivyodhani, kiasi cha noti 12, yaani maili 12 za baharini kwa saa. Mkondo wa bahari ulikuwa unaisukuma magharibi, na hakuna aliyeutia katika hesabu. Kwa hiyo wakati maafisa wakikodoa macho kuitafuta taa ya Sambro mbele yao, mnara wenyewe ulikuwa mashariki, maili kama 12 mbali na njia waliyokuwamo. Taa haikuonekana kwa sababu haikuwa huko. Na kutoonekana kwa taa, ambako kulipaswa kuwatisha, wao walikufanya faraja: hatujaiona, basi bado tuko mbali na nchi.

Wanangu, giza halina ushahidi. Usilifanye shahidi wako.

Kilichokuwa na ushahidi ni sakafu ya bahari. Ile pwani haitokei ghafla, chini hupanda kidogo kidogo. Bildi ingetupwa saa sita, ikatupwa tena saa saba, pima zingekuwa zinapungua, na shahamu ingeleta habari ya nchi iliyo karibu. Uchunguzi uliofanywa baadaye ulisema hivyo waziwazi. Haikutupwa saa sita. Haikutupwa saa saba, wala saa nane. Kutupa bildi ya maji marefu kunataka meli ipunguze mwendo, kunataka watu watoke kwenye baridi washike kamba iliyoloa. Ni usumbufu. Wala juu ya mlingoti hakuwekwa mtu wa kutazama.

Kulikuwa na mshika usukani mmoja, Robert Thomas. Huyu alikuwa mtu wa chini kwa cheo, lakini ndani yake kitu kilikuwa kinamkaba. Kwa ushahidi wake mwenyewe, alimwambia afisa wa pili, Metcalf, kwamba meli imekwenda mwendo wa kutosha, igeuzwe isimame, nchi iko karibu. Akajibiwa kwamba yeye si nahodha wala si afisa. Akamwendea afisa wa nne, akaomba apande juu atazame nchi. Akaambiwa haina haja.

Mtu mmoja aliomba mara mbili. Hakuomba pumziko. Aliomba kupanda mlingotini usiku wa baridi ya kugandisha vidole, ili abiria wasife, akakatazwa.

Na saa nane na dakika 40 mtumishi wa nahodha alikuja na kikombe cha kakao, kama alivyoagizwa, amwamshe bwana wake. Afisa wa pili akamzuia. Mwache alale, nitamwamsha mwenyewe ikifika saa tisa. Nadhani alisema hivyo kwa kumwonea huruma. Nahodha alikuwa amechoka, siku nyingi za dhoruba hazikumwacha. Metcalf hakuwa mtu mbaya, alikufa usiku uleule na siwezi kumsema vibaya marehemu aliyekuwa zamu yake. Lakini nahodha aliyesema niamsheni ameshapima uchovu wake na hatari ya bahari, akachagua. Si kazi yako kumchagulia tena.

Saa tisa na robo, tarehe 1 Aprili 1873, mtazamaji wa mbele alipiga kelele kwamba mbele kuna mawimbi yanavunjika. Hapakuwa na nafasi. Atlantic ilipanda mwamba kwenye rasi ya Marr, kando ya kisiwa, karibu na kijiji cha wavuvi kiitwacho Lower Prospect. Ikagonga tena na tena, ikalala ubavu wa kushoto. Mashua za upande huo zilisagika. Za upande wa pili zilisombwa na wimbi, na mojawapo ilikwenda na afisa Metcalf na watu waliokuwa wameshaingia. Zilikuwa mashua kumi. Hakuna iliyomfikisha mtu nchi kavu.

Tezi ikazama kwanza.

Niliwaambia mshike walikolala. Maji yalijaa upande wa wanawake na watoto kabla ya wengi wao kufika ngazini. Katika meli nzima hakuna mwanamke hata mmoja aliyeokoka, si wa daraja la chini, si wa vyumba vya juu. Watoto wote walikufa isipokuwa mmoja. Jina lake John Hindley, kijana wa miaka 12 kutoka Lancashire, aliyetolewa kupitia kidirisha cha duara. Baba, mama, wote aliosafiri nao wamebaki ndani. Nikiifikiria habari hii huwa siifikirii sana meli. Huwa nafikiria asubuhi ile, mtoto amefunikwa blanketi la mtu asiyemjua, anaulizwa jina lake.

Sasa niwaambie waliofanya kazi, kwa sababu nao walikuwapo.

Afisa wa tatu, Brady, hakuwa zamu. Alizinduliwa na mgongano. Alipoona mashua hazina maana tena, alitazama akaona kati ya meli na kisiwa kuna jiwe limetokeza, umbali wa yadi kama 40. Yeye na washika usukani wawili, Speakman na Owens, wakaamua kupeleka kamba. Speakman aliogelea nayo, katika maji ya barafu, gizani, wimbi likivunjika juu ya jiwe lenyewe. Wakafunga kamba hapo, kisha wakafunga nyingine, na watu wakaanza kuvuka wakining'inia mmoja baada ya mwingine. Karibu watu 200 walifika kwenye jiwe kwa njia hiyo. Wengine vidole viliganda wakaachia wakiwa katikati. Kutoka kwenye jiwe hadi kisiwani palikuwa na maji mengine, mapana kuliko ya kwanza, na huko pia kamba ilipelekwa.

Brady akafika kisiwani, akaigongea nyumba ya mvuvi aliyekuwa akiishi pale na familia yake. Wakaamka. Watu wakatumwa kijijini kuita mashua. Kulipopambazuka zilikuja, mashua ndogo za makasia, za kuvulia samaki. Wakazipenyeza kati ya wimbi na mwamba, mara hii jiweni, mara hii melini, wakijaza watu na kurudi. Wale walikuwa watu maskini, mwisho wa majira ya baridi, wakati ghala la mvuvi liko tupu. Walizijaza nyumba zao watu waliolowa mpaka pa kukanyaga hapakuwepo. Waliwavua nguo zilizoganda, wakawavisha za kwao. Sisi tunaokumbuka Nungwi ya Septemba 2011, MV Spice Islander ilipozama ikielekea Pemba, hatuhitaji kuelezwa mvuvi anakuwa nani asubuhi kama hiyo.

Bado alikuwapo mtu mlingotini. Afisa wa kwanza, Firth, alikuwa amepanda kamba za galmi, yaani mlingoti wa nyuma, na chini yake meli imeshazama. Pamoja naye alikuwamo mwanamke mmoja, huyo peke yake kati ya wote aliyefaulu kufika kambani. Firth alimshikilia, akamfunga asianguke. Saa zikapita, bahari ikawa mbaya zaidi, mashua haziwezi kusogea upande ule. Mwanamke akafa kwa baridi akiwa bado amefungwa pale pale, Firth akimtazama.

Mchana akatokea William Ancient, mchungaji wa Kianglikana wa Terence Bay, kijiji jirani. Kabla ya kuwa mchungaji alikuwa baharia wa jeshi la majini la Uingereza. Akawaomba wavuvi wampeleke kwenye mabaki ya meli ile. Wakasita, kwa haki kabisa, kisha wanne wakakubali. Akaruka melini, akasogea kwenye sitaha iliyolala, akamtupia Firth kamba, akamwambia ajifunge. Wimbi likamng'oa Firth likamtumbukiza, Ancient akamvuta kwa kamba mpaka wakafika mashuani wote wawili. Firth alikuwa amekaa juu kiasi cha saa kumi. Serikali ya Kanada baadaye ilimtunuku Ancient saa ya dhahabu. Majina ya wale wanne waliopiga makasia hayasemwi mara nyingi, na nataka mjue hapa leo kwamba walikuwepo.

Waliokufa ni angalau 535. Mnara uliowekwa Terence Bay mwaka 1905 umechongwa 562, na unasema 277 kati yao wamezikwa katika uwanja ule wa kanisa. Wakatoliki walizikwa upande wao. Wengi walifukiwa bila jina, kwa kuwa wanaofahamu majina yao walikuwa kaburi moja nao. Ndio uhamaji ule: familia nzima ilisafiri pamoja, na ikizama nzima hapabaki wa kuandika barua nyumbani. Kuna vijiji vya Ulaya ambako mama alikaa akingoja barua kutoka Marekani.

Uchunguzi ulifanyika Halifax mwezi uleule wa Aprili. Nahodha Williams alisimamishwa leseni miaka miwili, afisa wa nne miezi mitatu. Nahodha angeweza kunyang'anywa leseni kabisa, ila walimhesabia juhudi zake za kuokoa watu baada ya meli kugonga. Kampuni iliendelea, ikakua, ikajenga nyingine kubwa zaidi palepale Belfast. Miaka 39 baadaye meli ya kampuni hiyohiyo, Titanic, ilizama, na wengi wa maiti waliookotwa walipelekwa Halifax hiyohiyo. Makaburi 150 yako huko. Dunia nzima inayajua hayo. Ukitoka hapo kwa gari muda mfupi kuelekea Terence Bay, unayakuta ya Atlantic, na nadra kumkuta mtu anayeyajua. Inaniuma, na sitaficha. Wale wa Atlantic walikuwa wengi wao mafukara wa daraja la chini, na walizama usiku ambao hapakuwa na barafu wala muujiza wowote wa kusimulia, ila uvivu wa kutupa kamba.

Mwalimu mmoja aliniomba nisiwatishe sana. Nimemwahidi, na kwa hiyo nitasema jambo la mwisho ambalo si la kutisha. Nilipokuwa kijana wa umri wenu, afisa mdogo kabisa, usiku mmoja nilimwamsha nahodha wangu mara tatu kwa zamu moja. Mara ya kwanza kwa taa niliyodhani inasogea, kumbe nyota inachomoza. Mara ya pili kwa mvua. Mara ya tatu sikumbuki hata kwa nini, nilikuwa naogopa tu. Mara ya tatu yule mzee aliketi kitandani, akavaa viatu, akaja kusimama nami mpaka alfajiri. Hakuniambia neno. Asubuhi alipoandika daftari la zamu aliandika jina langu, na mbele yake akaandika: aliita. Neno hilo moja. Sijapata sifa niliyoipenda kuliko hiyo katika miaka yangu yote ya bahari.

Robert Thomas naye aliita.

Basi. Maji yanajaa, nimeyaona nilipokuwa nakuja, na gatini kina kimefika pima tatu na ushei. Shahamu iko kwenye kopo lile, kamba nimeifunga alama zake jana usiku. Tutoke nje kwa safu, wa mwaka wa kwanza watangulie. Kila mmoja atatupa mara tatu, atasoma pima kwa sauti, kisha atanionyesha kilichopanda na shahamu na kuniambia tumesimama juu ya nini.